Asilimia Inayojirudia: Jinsi ya Kukokotoa Kodi ya Nyumba, Mikopo na Akiba Hatua kwa Hatua

Chukua nyumba ya chumba kimoja cha kulala kule Umoja, Nairobi, kodi shilingi 15,000 kwa mwezi. Mwenye nyumba anakuambia kodi itapanda kwa asilimia 10 kila mwaka. Baada ya nyongeza tano utakuwa unalipa ngapi? Wengi hujibu bila kushika kalamu: kumi mara tano ni hamsini, nusu ya 15,000 ni 7,500, basi ni 22,500. Jibu sahihi ni 24,157.65. Tofauti ni shilingi 1,657.65 kila mwezi, na kwa mwaka inafika 19,891.80, ambazo ni zaidi ya kodi nzima ya mwezi uliohamia.

Tazama pesa hizo zinatoka wapi. Nyongeza ya kwanza ni asilimia 10 ya 15,000, yaani 1,500. Ya pili haihesabiwi tena kwa 15,000. Inahesabiwa kwa 16,500, kwa hiyo ni 1,650. Ya tatu ni asilimia 10 ya 18,150, yaani 1,815. Ya nne ni 1,996.50 na ya tano ni 2,196.15. Asilimia ni ile ile mwaka hadi mwaka, lakini kiasi inachokatwa kinakua, kwa sababu kila nyongeza inapanda juu ya nyongeza zilizotangulia.

Hesabu hii moja ndiyo iliyo ndani ya swali la riba analokutana nalo mwanafunzi wa kidato cha tatu, ndani ya daftari la mweka hazina wa chama cha kuweka akiba, ndani ya mkopo unaochukuliwa kupitia simu na ndani ya takwimu za sensa. Ukiishika mara moja, unaishika kote. Naona vibaya sana watu wenye akili timamu wakitia sahihi mikataba ambayo wangeikataa kama wangekuwa na dakika tatu na kikokotoo cha simu, kwa hiyo nitakwenda polepole pale panapowaumiza watu.

Kabla ya yote: je, nyongeza inarudi ndani?

Usikimbilie kukokotoa. Jiulize kwanza kama kile kilichoongezeka kinabaki ndani na kuhesabiwa tena kipindi kijacho, au kinatolewa kando.

Mfano mzuri ni M-Akiba, hatifungani ya serikali ya Kenya iliyouzwa kupitia simu kuanzia mwaka 2017. Kima cha chini kilikuwa shilingi 3,000, riba asilimia 10 kwa mwaka, na malipo yalitolewa kila baada ya miezi sita. Aliyeweka 30,000 alipokea 1,500 kila nusu mwaka. Riba hiyo ilimfikia mkononi. Haikurudi kwenye ile 30,000. Kwa miaka mitatu alipata 1,500 mara sita, jumla 9,000. Hapo kujumlisha ni sawa kabisa.

Sasa fikiria mahali pengine ambapo ile 1,500 ya kwanza haitolewi, inabaki humo na kuanza kuzaa nayo. Kila nusu mwaka fungu lote linakua kwa asilimia 5. Baada ya vipindi sita 30,000 imekuwa 40,202.87. Faida ni 10,202.87 badala ya 9,000. Riba ni ile ile na muda ni ule ule. Tofauti ni mahali riba ilipolala.

Basi ukisoma swali la mtihani au mkataba, tafuta maneno ya kukuongoza. "Riba huongezwa kwenye akaunti kila mwaka", "kodi itapanda kwa asilimia fulani ya kodi iliyopo", "idadi ya watu hukua kwa asilimia fulani kila mwaka": hayo yote ni ukuaji unaojirudia. "Riba ya asilimia 10 ya mtaji, italipwa kila mwaka" ni hesabu ya kujumlisha. Kama mkataba hausemi, uliza, na jibu liandikwe.

Hatua ya 1: Geuza asilimia iwe kizidisho

Kizidisho ni namba moja inayobeba kile ulichokuwa nacho pamoja na nyongeza yake. Gawanya asilimia kwa 100, kisha ongeza 1. Asilimia 10 inakuwa 1.10. Asilimia 7.5 inakuwa 1.075. Asilimia 16, ambayo ndiyo VAT (kodi ya ongezeko la thamani) ya kawaida hapa Kenya, inakuwa 1.16. Asilimia 120 inakuwa 2.2.

Angalia sana asilimia ndogo. Asilimia 3 ni 1.03, wala si 1.3. Asilimia nusu ni 1.005. Nukta ikiwekwa pabaya hapa, kila kitu kitakachofuata kitakuwa kibaya, na kikokotoo hakitakuonya.

Kama kitu kinapungua, unatoa badala ya kuongeza. Pikipiki inayopoteza asilimia 15 ya thamani yake kila mwaka ina kizidisho cha 0.85. Ya shilingi 180,000 baada ya miaka mitatu itakuwa 180,000 × 0.85 × 0.85 × 0.85, yaani 110,542.50. Ungejumlisha kumi na tano mara tatu ungesema imepoteza asilimia 45 na kuiuza kwa 99,000, ukampa mnunuzi zaidi ya shilingi 11,000 za bure.

Hatua ya 2: Hesabu nyongeza, usihesabu miaka

Hapa ndipo hata walio hodari wa hesabu huteleza. Rudi kwenye nyumba ya Umoja. Swali moja linauliza kodi "baada ya nyongeza tano", lingine linauliza kodi "katika mwaka wa tano". Hayo ni mambo mawili tofauti. Mwaka wa kwanza unalipa 15,000 bila nyongeza yoyote. Nyongeza ya kwanza inakuja mwanzoni mwa mwaka wa pili, na ukifika mwaka wa tano umepandishiwa mara nne tu. Kodi ya mwaka wa tano ni 15,000 × 1.1 × 1.1 × 1.1 × 1.1, yaani 21,961.50. Ile 24,157.65 ni ya mwaka wa sita.

Maduka ya katikati ya jiji yana mtego wake. Mikataba ya miaka 5 na miezi 3 ni ya kawaida kwa biashara Nairobi, na mara nyingi nyongeza huja kila baada ya miaka miwili. Tuseme duka kule River Road linaanza kwa 60,000 kwa mwezi na kodi inapanda kwa asilimia 15 kila miaka miwili. Chora mstari kwenye karatasi, weka alama mwanzo wa kila mwaka. Nyongeza inaingia mwanzo wa mwaka wa tatu na mwanzo wa mwaka wa tano. Ya tatu ingeingia mwanzo wa mwaka wa saba, na mkataba umeshakwisha. Nyongeza ni mbili: 60,000 × 1.15 × 1.15 = 79,350. Ukigawanya miaka 5.25 kwa 2 utapata 2.625, namba isiyo na maana yoyote hapa, kwa sababu kodi haipandi kwa vipande.

Mstari huo wa karatasi unachukua nusu dakika. Uchore kila mara.

Hatua ya 3: Zidisha

Kanuni yote ni hii:

kiasi cha mwisho = kiasi cha mwanzo × kizidisho kilichozidishwa chenyewe kwa idadi ya nyongeza

Kwa maandishi ya hisabati ni 15,000 × 1.1⁵. Ile 5 ndogo ya juu ni kipeo, nayo inasema tu kwamba 1.1 imetumika mara tano.

Kwenye simu nyingi, ukiigeuza simu ikalala upande, kikokotoo huonyesha vitufe vya ziada, kikiwemo cha kipeo, ambacho huandikwa xʸ au ^. Ukiwa na intaneti, andika 15000*1.1^5 kwenye kisanduku cha kutafutia cha Google na jibu litatokea. Kwenye Excel unaanza na alama ya sawasawa: =15000*1.1^5.

Kikokotoo kidogo cha dukani kisicho na kipeo kinatosha pia. Vingi hukumbuka kizidisho: andika 1.1, bonyeza ×, kisha bonyeza = mara kadhaa uone kama namba inaendelea kukua. Vingine vinataka × ibonyezwe mara mbili kwanza. Kijaribu chako kwa 2, ambayo majibu yake unayajua: 4, 8, 16, 32.

Na kama huna chochote ila kalamu, zidisha kwa kuruka. Kwa nyongeza 12 hulazimiki kuzidisha mara kumi na mbili. Chukua 1.075. Izidishe yenyewe: 1.155625, na hizo ni nyongeza mbili. Izidishe hiyo yenyewe: 1.335469, nyongeza nne. Tena yenyewe: 1.783478, nyongeza nane. Nane na nne ni kumi na mbili, kwa hiyo 1.783478 × 1.335469 = 2.38178. Kuzidisha mara nne kumetosha.

Usikate desimali njiani. Mtu aliyeandika 1.16 badala ya 1.155625 "ili iwe rahisi" atafika 2.4364 mwishoni. Kwa deni la 10,000 hilo ni kosa la shilingi 546. Acha desimali zote mpaka jibu la mwisho, ndipo ukadirie.

Hatua ya 4: Itumie kwenye mikopo

Nimechagua 1.075 kwa makusudi. Ada ya asilimia 7.5 kwa mwezi inajulikana sana kwa wanaokopa kupitia simu hapa Kenya. Kwa mwezi mmoja haionekani kutisha: kopa 10,000, rudisha 10,750. Taabu inaanza mwezi ukiisha na huna pesa, ukakopa kwingine kwa masharti yale yale ili ulipe ile 10,750, na mwezi unaofuata ukafanya hivyo tena. Sasa ada imeingia ndani ya deni na inatozwa ada. Baada ya miezi 12 unadaiwa 10,000 × 2.38178, yaani 23,817.80. Asilimia 7.5 kwa mwezi imekuwa asilimia 138 kwa mwaka, wakati wengi wangekuambia ni 90.

Hiyo 90 ina mahali pake: ni kwa yule anayelipa ada ya 750 kila mwezi bila kukosa huku deni likibaki 10,000. Atakuwa ametoa 9,000 kwa mwaka na bado anadaiwa 10,000. Nayo si habari njema, lakini deni lake halijakua.

Kwa mkopeshaji wa mtaani anayetoza asilimia 20 kwa mwezi na kuzirundika, kizidisho ni 1.2. Miezi minne: 1.2⁴ = 2.0736, deni limepita maradufu. Mwaka mzima: 8.9161. Elfu kumi imekuwa zaidi ya elfu themanini na tisa. Nakuomba uifanye hesabu hiyo mbele ya ndugu yako anayetaka kukopa kwa mtindo huo, na uifanye pamoja naye, yeye akibonyeza vitufe.

Kwa mikopo ya benki kuna ukuta. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki ya Kenya kinasema kwamba mkopo ukishakuwa haulipiki, riba ambayo benki inaweza kudai haiwezi kupita kiasi cha mtaji uliokuwa unadaiwa wakati huo. Kama ulikuwa unadaiwa mtaji wa 200,000, riba inayoongezeka inasimama ikifika 200,000 nyingine. Kanuni ya vipeo ingeendelea kupanda bila kikomo, sheria inaikata. Ukipelekewa barua ya madai ya benki, hesabu hizi mbili unapaswa kuziweka bega kwa bega.

Wakati asilimia zinatofautiana

Maisha hayatoi asilimia moja kila mwaka. Hilo haliharibu kitu: kila kipindi kina kizidisho chake, zote zinazidishwa. Bei ikipanda kwa asilimia 8, kisha 5, kisha 12, unapata 1.08 × 1.05 × 1.12 = 1.27008, yaani ongezeko la asilimia 27 na kidogo, si 25.

Kupanda na kushuka kwa asilimia sawa hakukurudishi ulipoanza. Kreti ya nyanya pale Marikiti ikitoka 4,000, ikapanda kwa asilimia 50 hadi 6,000, kisha ikashuka kwa asilimia 50, inakuwa 3,000. Vizidisho vinasema hivyo hivyo: 1.5 × 0.5 = 0.75. Mpangilio haujalishi, ikianza kushuka ndipo ipande, bado ni 3,000.

Punguzo juu ya punguzo hufuata njia hiyo. Duka likitangaza asilimia 20 kisha "ongeza 10 ukilipa kwa simu", unalipa 0.8 × 0.9 = 0.72 ya bei. Punguzo ni asilimia 28.

Na riba ya mkopo ikipanda kutoka asilimia 12 hadi 15, mtangazaji akisema imepanda kwa asilimia 3, anamaanisha pointi tatu za asilimia. Shilingi unazotoa kama riba zimepanda kwa robo, yaani asilimia 25, kwa sababu 15 ÷ 12 = 1.25.

Hatua ya 5: Kurudi nyuma

Ulizidisha kwenda mbele, kwa hiyo unagawanya kurudi nyuma. Kodi yako leo ni 20,000 na imepandishwa kwa asilimia 8 mara tatu. Ulianza na ngapi? 20,000 ÷ 1.08³ = 20,000 ÷ 1.259712 = 15,876.64. Kutoa asilimia 24 kungekupa 15,200, na hilo si jibu.

Kosa hilo hilo lipo kwenye VAT. Risiti ya 1,160 iliyo na VAT ya asilimia 16 ndani yake ina bidhaa ya 1,000, kwa sababu 1,160 ÷ 1.16 = 1,000. Anayetoa asilimia 16 ya 1,160 anapata 974.40. Wenye vibanda wanaoanza kuweka hesabu za kodi hupoteza pesa hapa, kila risiti.

Kutafuta asilimia yenyewe ni kazi ndefu kidogo, na sensa ni mahali pazuri pa kuifundishia. Sensa za Kenya za 1999, 2009 na 2019 zote zilihesabu usiku wa kuamkia Agosti 25, kwa hiyo kati ya moja na nyingine kuna miaka kumi kamili. Nairobi ilikuwa na watu 2,143,254 mwaka 1999, kisha 3,138,369 mwaka 2009, kisha 4,397,073 mwaka 2019. Jiji lilikua kwa asilimia ngapi kila mwaka kati ya 2009 na 2019?

Gawanya mwisho kwa mwanzo: 4,397,073 ÷ 3,138,369 = 1.40107. Hicho ni kizidisho cha miaka kumi yote. Tunatafuta kizidisho cha mwaka mmoja, namba ambayo ikizidishwa yenyewe mara kumi inatoa 1.40107. Kwenye simu andika 1.40107^0.1, kwa sababu moja gawanya kwa kumi ni 0.1. Jibu ni 1.0343. Ukuaji ni asilimia 3.43 kwa mwaka.

Huna kitufe cha kipeo? Kisia na ukaribie. 1.03¹⁰ ni 1.3439, ndogo. 1.04¹⁰ ni 1.4802, kubwa. Jaribu katikati: 1.034¹⁰ ni 1.3970, na 1.035¹⁰ ni 1.4106. Tupo kati ya 3.4 na 3.5, karibu zaidi na 3.4. Kwa shughuli nyingi hapo panatosha.

Njia ya mkato ambayo nimeiona ikitumika hata kwenye ripoti ni kugawanya asilimia 40.1 kwa kumi na kusema asilimia 4.01 kwa mwaka. Ipime. 3,138,369 ikikua kwa asilimia 4.01 kwa miaka kumi inafika takriban milioni 4.65. Umeongeza zaidi ya watu 250,000 ambao hawapo. Anayepanga maji, madarasa au zahanati kwa namba hiyo amepanga jiji lingine.

Fanya zoezi hilo kwa 1999 hadi 2009 na utapata asilimia 3.89 kwa mwaka. Jiji liliongeza watu wengi zaidi katika muongo wa pili kuliko wa kwanza, milioni 1.26 dhidi ya milioni 1 kasoro kidogo, ilhali asilimia ya ukuaji ilishuka. Yote mawili ni kweli kwa pamoja, kwa kuwa asilimia ndogo ilikatwa kwenye jiji kubwa zaidi. Na hapo kuna onyo: ukichukua 3.43 na kuipeleka mbele hadi 2029 utapata kama milioni 6.16, lakini hiyo ni kama kasi haitabadilika, na tumeona imeshabadilika mara moja.

Itachukua muda gani kuwa maradufu?

Gawanya 72 kwa asilimia. Akiba inayokua kwa asilimia 8 kwa mwaka: 72 ÷ 8 = miaka 9, na ukipima, 1.08⁹ ni 1.999. Kwa asilimia 12 ni miaka 6. Deni la asilimia 7.5 kwa mwezi ni miezi 9.6. Jiji la asilimia 3.43 ni miaka 21, ingawa hesabu kamili inatoa miaka 20 na nusu. Kwa asilimia kubwa makadirio yanayumba kidogo: kwa 20 unapata 3.6, ukweli ni 3.8. Ni hesabu ya kufanya kichwani ukiwa ndani ya matatu, ukifika nyumbani thibitisha kwa kanuni kamili.

Akiba, kodi ya riba na bei zinazopanda

Umeweka 100,000 kwenye akaunti ya muda maalumu, riba asilimia 10 kwa mwaka, na riba inabaki humo. Kwa miaka kumi, 1.1¹⁰ = 2.59374, kwa hiyo 259,374. Benki haitakupa hizo. Mkaazi wa Kenya hukatwa kodi ya zuio ya asilimia 15 kwenye riba ya benki, na hukatwa kila riba inapoingia. Katika kila shilingi 10 za riba, 1.50 inaenda serikalini, zinabaki 8.50. Kizidisho chako halisi ni 1.085, na 1.085¹⁰ = 2.26098. Utakuwa na 226,098. Tofauti ya 33,276 ni kubwa kuliko watu wanavyotarajia, kwa sababu kilichokatwa mwaka wa kwanza kingezaa miaka tisa mingine.

Halafu bei. Benki Kuu ya Kenya inalenga mfumuko wa bei wa asilimia 5, na nafasi ya pointi 2.5 juu au chini. Tuseme bei zitapanda kwa 5 kila mwaka. Wengi watatoa 5 kwenye 8.5 na kusema faida halisi ni 3.5. Gawanya vizidisho badala yake: 1.085 ÷ 1.05 = 1.0333. Faida halisi ni asilimia 3.33. Ile 226,098 ya miaka kumi ijayo, ukiigawanya kwa 1.05¹⁰ ambayo ni 1.628895, itanunua vitu vya kama 138,800 kwa bei za leo. Bado ni faida. Ila ndiyo faida yenyewe, na ni vizuri uijue kabla hujamwahidi mtoto karo ya chuo.

Hesabu hiyo hiyo ielekeze kwenye mshahara. Ukipata 50,000 na kodi ni 15,000, nyumba inakula asilimia 30. Mshahara ukipanda kwa asilimia 5 na kodi kwa asilimia 10, baada ya nyongeza tano una 63,814 na unalipa 24,157.65. Nyumba sasa inakula karibu asilimia 38. Hakuna mwaka hata mmoja ambao uliona pigo kubwa.

Hatua ya 6: Unapoongeza pesa kila mwezi

Kanuni ya kipeo inafaa kiasi kimoja kilichowekwa mara moja. Chama hakiko hivyo. Kila mwezi kinaingiza pesa mpya, na kila shilingi ina umri wake. Njia salama ni kwenda mwezi kwa mwezi: zidisha salio, kisha ongeza mchango.

Tuseme mchango ni 2,000 mwishoni mwa kila mwezi, na fungu linakua kwa asilimia 1 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza kuna 2,000. Wa pili: 2,000 × 1.01 + 2,000 = 4,020. Wa tatu: 4,020 × 1.01 + 2,000 = 6,060.20. Wa nne: 6,060.20 × 1.01 + 2,000 = 8,120.80. Endelea hivyo hadi wa kumi na mbili, utapata 25,365.01. Kuna kanuni ya mkato kwa wanaoipenda: toa 1 kutoka 1.01¹², gawanya kwa 0.01, zidisha kwa 2,000. Jibu ni lile lile. Lakini daftari la mwezi kwa mwezi lina faida ambayo kanuni haina: mwanachama yeyote anaweza kulisoma mstari kwa mstari na kuuliza swali, na mwezi ambao mtu alichelewa au alitoa 1,500 unaandikwa kama ulivyo.

Michango ikiingia mwanzoni mwa mwezi badala ya mwishoni, kila shilingi inapata mwezi mmoja zaidi, kwa hiyo jumla yote inazidishwa kwa 1.01 mara moja zaidi: 25,618.66. Tofauti ni 253.65 kwa mwanachama mmoja. Chama cha watu 20 kinakaribia shilingi 5,073, na hiyo ndiyo aina ya tofauti inayozua maneno wakati wa kugawana Desemba. Tarehe ya mchango, na tarehe ambayo riba inahesabiwa, ziandikwe kwenye ukurasa wa kwanza wa daftari kabla mchango wa kwanza haujapokelewa.